Señorita, Samaki Mdogo wa Msitu wa Baharini

Tukitaja neno msitu, mtu wa bara hukumbuka miti ya Mau au Kakamega, na mtu wa pwani hukumbuka kaya za Wamijikenda au mikoko ya Lamu. Ni wachache watakaofikiri kwamba hata baharini iko misitu, yenye kivuli chake, yenye wakazi wanaokaa kileleni na wengine wanaokaa shinani, na yenye maadui wake pia. Somo letu la juma hili lahusu mmoja wa wakazi wa misitu hiyo. Ni samaki mdogo, ambaye kwa desturi urefu wake hauzidi inchi 10. Wavuvi humdharau na kumwita mwizi, lakini wataalamu wameijadili kazi yake kwa zaidi ya miaka 60, na majadiliano hayo bado hayajaisha.

Kwanza yafaa tuutazame msitu wenyewe, maana bila kuufahamu hatuwezi kumfahamu samaki.

Wasomaji waliofika Unguja, katika vijiji vya Paje na Jambiani, wameona mwani unaolimwa na akina mama kwa kuufunga kwenye kamba. Huo ni mwani mdogo, ambao mtu aweza kuubeba fungu zima kwa mkono mmoja. Sasa fikiri juu ya mwani ulioshika mwamba chini ya bahari, kina cha futi 60 au 80, ukapanda moja kwa moja hata juu ya maji, na ukiisha kufika juu usikome, bali ukatandaa ubavuni kama mboga ya maboga iliyofika mwisho wa uwanja wake. Huo ndio mwani mkubwa wa pwani ya magharibi ya Amerika ya Kaskazini, hasa jimbo la California katika Marekani na sehemu ya kaskazini ya Mexico. Urefu wake waweza kupita futi 100. Hali ya bahari ikiwa njema sana, shina moja laweza kuongezeka futi 2 kwa siku moja, na ni mimea michache mno duniani iwezayo kushindana nalo.

Mtu asidhani kwamba mwani huu una mizizi kama mhindi. Sehemu ya chini ni fundo la vidole vingi vinavyoshikamana na mwamba kwa nguvu, lakini kazi ya vidole hivyo ni kushika tu. Chakula chake mwani hukipata katika maji yenyewe, kwa kukinyonya kwa majani yake, na kwa msaada wa jua kama mimea mingine. Penye kikonyo cha kila jani pana kibofu kidogo kilichojaa hewa. Vibofu hivyo ndivyo vinavyoliinua shina zima lisimame wima, kama maboya yanavyouinua wavu wa jarife.

Mwani wa namna hii hupenda maji baridi yenye chakula kingi, na maji yakizidi digrii 20 za sentigredi kwa muda mrefu hudhoofika. Hiyo ndiyo sababu hauoti Mombasa wala Malindi. Lakini wale wenye jamaa zao Arabuni watapenda kujua kwamba huko Dhofar, katika nchi ya Oman, upepo wa kusi uvumapo kati ya Juni na Septemba husukuma maji ya juu yaende mbali na pwani, na maji baridi hupanda kutoka chini kushika mahali pake. Kwa sababu ya baridi hiyo, karibu na Mirbat huota mwani wa jamaa hiyo hiyo, ingawa ni mfupi kuliko ule wa California. Kwa hiyo upepo ule ule uliowapeleka mabaharia wetu kaskazini tangu zamani ndio unaoilisha misitu midogo ya bahari ya Waarabu.

Bwana Charles Darwin, yule mtaalamu mashuhuri wa Uingereza, aliiona misitu ya mwani mwaka 1834 katika ncha ya kusini kabisa ya Amerika. Alishangazwa na wingi wa viumbe waliokuwa wakianguka kila alipoyakung'uta mafundo ya mwani: kaa, konokono, minyoo, viti vya pweza na wengine wengi. Akaandika maoni yake kwamba, kama msitu wa nchi kavu ungeharibiwa, wanyama watakaokufa kwa ajili ya hasara hiyo hawangefikia hesabu ya wale watakaokufa kwa kuharibika mwani. Maneno hayo aliyaandika bila kuzamia, kwa kutazama tu vitu vilivyoletwa juu ya maji.

Sasa tumgeukie samaki wetu.

Jina lake ni señorita, nalo ni neno la Kihispania, maana yake msichana ambaye hajaolewa. Mtaalamu wa kwanza kumwandika katika vitabu vya elimu alikuwa Albert Günther wa London, mwaka 1861. Mwili wake ni mwembamba na wa mviringo, umechongoka mbele na nyuma, mfano wa sigara. Mgongo wake una rangi ya kahawia iliyochanganyika na rangi ya chungwa, na tumbo lake ni jeupe lenye umanjano kidogo. Alama ya kumtambulisha haraka ni doa kubwa jeusi penye shina la mkia. Mdomo wake ni mdogo, na meno yake ya mbele yametokeza nje kidogo, kama ya sungura. Akiogelea polepole hautumii mkia, bali hupiga maji kwa mapezi mawili ya ubavuni, kama mtu apigaye makasia. Mkia huutunza kwa siku ya hatari.

Ukoo wake ni mkubwa, na wengine wa ukoo huo wako katika bahari yetu. Pono, ambaye kila mvuvi wa pwani anamjua, ni jamaa yake wa karibu. Samaki wengi wa ukoo huu wana desturi ya ajabu: huanza maisha wakiwa majike, kisha wakikua hugeuka madume. Señorita hafanyi hivyo. Aliyezaliwa jike huishi na kufa jike, na aliyezaliwa dume vivyo hivyo. Majira ya kutaga ni toka Mei hata Agosti au karibu na hapo. Mayai huachwa yaelee katika mkondo wa bahari, wala wazazi hawayalindi. Maisha yake ni mafupi, yapata miaka minne tu.

Jambo la kuchekesha ni jinsi anavyolala. Jua likianza kuchwa, na kabla ya samaki wengine wengi kutafuta malazi, señorita hushuka mpaka penye mchanga au vipande vya makombe na kujitumbukiza humo kwa ghafula. Hujifunika mwili wote, au huacha kichwa tu nje, na hukaa hivyo mpaka asubuhi kumepambazuka sawasawa. Wazamiaji wanaotembea chini ya bahari usiku hawamwoni kabisa, nao wanaotembea mchana huwaona kwa mamia.

Wavuvi wa mshipi wa California hawampendi. Mdomo wake mdogo hauwezi kumeza ndoana, lakini waweza sana kudonoa chambo kidogo kidogo mpaka kiishe, na mvuvi huvuta mshipi akaikuta ndoana tupu. Mtu aliyevua samaki Kisumu au Lamu ataelewa hasira hiyo bila kuelezwa zaidi. Na hata anaponaswa kwa bahati, nyama yake ni chache mno, hakuna amtakaye. Basi kwa muda mrefu habari zake zilikuwa hizo tu: samaki mzuri wa kutazama, asiye na faida.

Mambo yalibadilika wakati wataalamu walipoweza kuingia baharini wenyewe. Kabla ya mwaka 1943, Wafaransa walipotengeneza chombo cha kupumulia majini ambacho mtu aweza kukichukua mgongoni, mtaalamu aliwajua samaki waliokwisha kufa tu. Alihesabu mapezi yao, akapasua matumbo yao, lakini hakujua wakaavyo. Vita vilipokwisha, chombo hicho kilifika California, na vijana wa chuo cha elimu ya bahari cha Scripps, huko La Jolla, walikuwa miongoni mwa watu wa kwanza kukitumia kwa ajili ya elimu. Mmoja wao aliitwa Conrad Limbaugh, naye alikuwa mkuu wa wazamiaji wa chuo hicho.

Limbaugh aliona jambo ambalo lilimstaajabisha. Alimwona señorita amezungukwa na samaki wengine wengi, wakubwa kwa wadogo, nao hawakuwa wakimfukuza wala hawakuwa wakimkimbia. Walikuwa wamesimama kimya katika maji, wengine vichwa chini na mikia juu, wengine wamelala ubavu kama wagonjwa. Señorita alikuwa akipita kwa mmoja baada ya mwingine, akidonoa magamba yao na mapezi yao. Alikuwa akiwala wadudu wanaowanyonya samaki, kama vile ndege yule anayekaa mgongoni mwa kifaru na ng'ombe anavyokula kupe. Samaki wanaofanyiwa kazi hiyo ni wa aina nyingi. Yuko samaki mmoja wa rangi ya samawati iliyokoza ambaye jina lake la Kiingereza maana yake ni mhunzi, yuko mkali mfano wa tewa, wako taa, na hata yule samaki mkubwa wa bahari kuu mwenye umbo la sinia hukaribia mwani ili asafishwe.

Wahunzi ndio wenye pupa kuliko wote. Señorita akianza kumsafisha mmoja, wenziwe huja mbio kumsonga pande zote, mpaka msafishaji haonekani tena katikati ya kundi. Mara nyingi huona taabu na kukimbia, nao humfuata wakimkingia ubavu. Ni kama foleni ya zahanati isiyokuwa na askari wa kuipanga.

Limbaugh aliamini kwamba kazi hii ni jambo kubwa kwa afya ya samaki wote wa mahali pale. Alifikiri kuwa penye wasafishaji samaki hukusanyika, na wasafishaji wakiondolewa samaki wengine huhama au huugua. Hakupata muda wa kuyathibitisha maoni yake yote. Mwaka 1960 alikwenda Ufaransa, akazamia katika mto upitao chini ya ardhi huko Port Miou, karibu na Cassis, akapotelea humo pangoni na kufa. Makala yake juu ya samaki wasafishaji ilichapwa mwaka uliofuata, 1961, na ikasomwa duniani kote.

Aliyekuja nyuma yake ni Edmund Hobson, mtaalamu wa idara ya uvuvi ya Marekani. Huyu alikaa saa nyingi sana chini ya maji akiwatazama señorita bila haraka, na taarifa yake ya mwaka 1971 ilipunguza chumvi kidogo katika hadithi. Alikubali kwamba señorita husafisha, wala hapana shaka. Lakini alionyesha kwamba kwa wakati wowote ni wachache tu wanaofanya kazi hiyo. Wengi katika kundi hawashughuliki na mtu, wanatafuta chakula chao katika mwani. Kusafisha wengine si ufundi wao wa kila siku, ni kibarua cha mara moja moja. Kwa maoni ya mwandishi wa somo hili, taarifa hii haimpunguzii Limbaugh heshima. Yeye aliufungua mlango. Na aliyeingia baadaye ndiye aliyepata nafasi ya kuhesabu vyombo vilivyomo ndani.

Basi kama señorita wengi wako katika mwani, wanakula nini huko? Jibu la swali hili ndilo linalotufikisha penye jambo kubwa zaidi, yaani maisha ya msitu wenyewe.

Juu ya majani ya mwani huishi wadudu wa bahari wa jamaa ya kaa na kamba, wenye miguu 14, bapa, wenye rangi ya kahawia au kijani sawasawa na jani wanalolishika, hata ni vigumu kuwaona. Chakula chao ni mwani. Wakiwa wachache hapana neno, lakini wakizidi hutafuna majani na vibofu, na shina lisilokuwa na vibofu huzama likafa. Wako na wengine wadogo zaidi, ambao hukunja ncha za majani na kujifanyia nyumba ndani yake, kisha huila nyumba yao polepole. Tena kuna wanyama wengine wadogo mno, ambao jicho haliwezi kumtambua mmoja mmoja. Hawali mwani, bali hujenga vijumba vya chokaa juu ya jani, kimoja kando ya kingine kwa maelfu, mpaka jani lote limefunikwa utando mweupe kama kitambaa cha lesi. Jani lililofunikwa hivyo huwa zito na hukatika upesi, na mawimbi hulivunja.

Señorita huwala hao wote. Kutwa nzima yumo majanini akidonoa. Wataalamu wawili, Bernstein na Jung, walichunguza mwani wa kusini mwa California na mwaka 1979 wakatangaza waliyoyaona: wale wadudu wenye miguu 14 wana nguvu ya kuliharibu paa la msitu, na kinachowazuia ni kuliwa na señorita. Jambo moja katika habari hii lastahili kufikiriwa. Samaki anapoung'oa ule utando wa chokaa, mara nyingi huondoka na kipande cha jani pia. Kwa hiyo mlinzi naye hula kidogo katika shamba analolilinda. Mwenye shamba la mahindi aliyemwita kijana kufukuza nyani anajua kwamba kijana huyo naye atachoma mahindi mawili matatu. Hesabu ni kupima hasara ipi ni kubwa.

Hesabu hiyo imepimwa. Majaribio yaliyotangazwa mwaka 2007 yalifanywa kwa kuwazuia samaki wadogo wasiufikie mwani, na kuulinganisha na mwani mwingine ambao samaki waliufikia kama kawaida. Palipozuiliwa samaki, wadudu waliongezeka na mwani ulidhurika. Penye samaki, mwani ulikua vizuri zaidi. Tukumbuke kwamba señorita hakuwa peke yake katika kazi hii. Mwenzake mkubwa ni sangara wa mwani, samaki mfupi mwenye ubavu mpana, ambaye hatagi mayai bali huzaa watoto walio hai. Huyu hauachi mwani hata kidogo. Hukaa humo humo kileleni, mchana na usiku. Wote wawili hudonoa wadudu wa majani, na wote wawili husafisha samaki wengine.

Tusipite bila kumtaja na jirani yao wa tatu, ingawa hana kazi katika somo hili. Ni samaki mrefu, bapa, ambaye umbo lake ni umbo la jani la mwani, na rangi yake hubadilika iwe ya kijani, ya kahawia au nyekundu kadiri ya mimea iliyo karibu naye. Mawimbi yakiyumbisha majani, naye huyumba pamoja nayo. Wazamiaji wengi wamemtazama uso kwa uso bila kujua kwamba wanatazama samaki.

Pamoja na walinzi hao wote, msitu wa bahari umepata misiba mikubwa, na mingine haikutoka kwa wadudu. Adui aliye mkali kuliko wote ni yule mnyama mviringo mwenye miiba, ambaye mtu aendaye pekupeku mwambani humkanyaga na kujuta siku tatu. Katika bahari ya California wako wengi. Wakiwa na chakula hukaa katika nyufa za mawe wakingojea majani yaliyokatika yawaangukie. Wakizidi hesabu, au majani yakipungua, hutoka nyufani na kwenda kwa makundi wakila mafundo ya mwani pale yaliposhika mwamba. Mwani ulioliwa fundo huchukuliwa na maji mzima mzima, na nyuma yake hubaki jiwe tupu, kama nchi iliyopitiwa na nzige.

Zamani fisi-maji wa baharini walikuwa wakiwala hao wenye miiba. Lakini biashara ya ngozi katika karne ya 18 na ya 19 iliwaua fisi-maji karibu wote, na mkataba wa kuwalinda ulipotiwa sahihi mwaka 1911 ilidhaniwa kwamba California hapana tena hata mmoja. Mwaka 1938 kundi dogo lilionekana katika pwani ya Big Sur, nao waliopo sasa katika jimbo hilo ni wa kizazi cha kundi hilo. Katika sehemu za kusini, ambako señorita ni wengi zaidi, fisi-maji ni wachache mno, na kazi ya kuwapunguza wenye miiba imefanywa na kamba-mti na samaki mmoja mnene mwenye meno ya nguvu, aitwaye kichwa cha kondoo. Samaki huyu ni wa ukoo mmoja na señorita. Basi ndugu mkubwa hulinda shina la msitu na ndugu mdogo hulinda majani yake. Bahati mbaya, ndugu mkubwa nyama yake ni tamu, na watu wamemvua sana.

Wanadamu wameutumia mwani wenyewe pia. Katika Vita Kuu vya 1914 hata 1918 uliletwa nchi kavu kwa tani nyingi, ili kupata potashi ya mbolea na maji ya dawa yaliyohitajiwa katika kutengeneza baruti. Baada ya hapo ilionekana kwamba mwani hutoa utomvu unaofaa kuzuia vyakula na rangi visitengane, na meli zenye visu vikubwa zilikuwa zikikata paa la msitu karibu na San Diego kwa miaka mingi. Sheria ya California yakataza kukata chini zaidi ya futi 4 kutoka juu ya maji. Mwani uliokatwa hivyo hukua tena, kama majani ya chai yachumwavyo Kericho.

Lakini joto halikatazwi kwa sheria. Katika miaka ya 1982 na 1983 maji ya joto yaitwayo El Niño, pamoja na tufani kali, yaling'oa na kuua mwani mwingi wa kusini mwa California. Msiba mwingine ulianza mwaka 2013, ambapo viti vya pweza vya pwani ile vilishikwa na maradhi ya kuoza vikafa kwa wingi usiohesabika, na miongoni mwao ile aina kubwa yenye mikono mingi inayowala wenye miiba. Kisha toka mwaka 2014 hata 2016 bahari ilipata joto lisilo la kawaida. Katika kaskazini mwa California, ambako mwani ni wa aina nyingine, zaidi ya sehemu 90 katika kila 100 za msitu zilitoweka katika miaka michache tu, na wenye miiba wakashika mahali pote. Katika misiba ya namna hiyo señorita hana la kufanya. Aweza kula wadudu wa majani. Hawezi kuyapoza maji, wala mdomo wake hauwezi kuvunja gamba lenye miiba.

Katika Palos Verdes, karibu na mji wa Los Angeles, watu wenyewe wameshika kazi hiyo. Tangu mwaka 2013 wazamiaji wamekuwa wakishuka na nyundo mkononi, wakivunja wenye miiba mmoja mmoja, mwamba baada ya mwamba, mpaka wabakie wachache wa kadiri. Ni kazi ya kuchosha, yenye baridi na maji yasiyoonekana mbele. Walakini mahali pengi walipofanya hivyo mwani umeota tena, na kwa kuwa hukua upesi haikuhitajiwa kungoja miaka mingi kama kungojea mvule.

Msomaji wa pwani ambaye hatapata nafasi ya kufika California aweza kuona jambo linalofanana na hili karibu na kwake. Katika hifadhi za bahari za Malindi na Watamu, zilizotengwa mwaka 1968, kuna samaki mdogo wa ukoo wa señorita, mwenye rangi ya samawati na mstari mweusi toka mdomoni hata mkiani. Huyu, tofauti na señorita, kusafisha ndiyo kazi yake hasa, naye ana mahali pake maalum penye jiwe la matumbawe, ambapo samaki wengine humjia kama watu waendavyo kwa kinyozi. Hukaa dume mmoja na majike kadhaa, na dume akifa jike aliye mkubwa hushika nafasi yake, na baada ya muda amekuwa dume kamili. Mtazamaji akae kimya juu ya maji na kutazama kwa uangalifu, maana katika mahali hapo hapo huenda akamwona samaki mwingine mwenye rangi ile ile, mstari ule ule na mwendo ule ule wa kuchezacheza, lakini wa ukoo mwingine kabisa. Mdomo wake uko chini ya pua badala ya mbele. Samaki mgeni humkaribia na kutanua mapezi yake ili asafishwe, naye humng'ata kipande cha pezi na kukimbia nacho.